Karafuu wa Kwanza

Usingizi wa mchana ni mgeni asiyebisha hodi, na Mwamvua Kibwana hana hamu ya kumkaribisha, ana hasira mno. Umeme umekatika tangu saa nne, feni imesimama, na yeye amejikalia ndani ya chumba kidogo cha kurekodia, chumba alichokipigilia vipande vya godoro na trei za mayai ukutani kuzuia kelele, kwa mikono yake mwenyewe, mkataba mapajani, akimsubiri binti anayeitwa Mbonea. Saa nane Mbonea atakuja kutia saini, awe msanii wa kwanza wa Ngoma Yangu Rekodi, na kisasi kitaanza. Maana Mwamvua hakuzaliwa mwenye kampuni. Miaka kumi na mmoja alikuwa mwimbaji, tena si wa kubahatisha: Tanga nzima ilimjua kwa jina la Karafuu, na harusi bila Karafuu ilikuwa kikao cha kula pilau tu. Siku alipoihama kampuni iliyomtoa, bosi wake, Mzee Rubeni, alifungua kabati, akatoa karatasi, akamwonyesha kipengele cha tisa: jina la kisanii ni mali ya kampuni. Nenda na sauti yako, binti yangu, alimwambia kwa upole wa kuudhi, jina linabaki hapa. Likabaki kweli. Akavishwa msichana mwingine, huyo alipochoka akavishwa mwingine tena, na sasa, mwaka wa sita, yuko Karafuu wa tatu kwenye mabango, ana miaka kumi na tisa, anashangiliwa kwa nyimbo ambazo Mwamvua alizitunga huku akimbembeleza mwanawe alale. Mwamvua akipita chini ya mabango hayo hutema mate. Hata sasa, kwa kuyawaza tu, anatema, halafu kope zinamlemea, anasema sifumbi macho, na anayafumba.

Anapoyafumbua umeme haujarudi, lakini mlango wa chumba uko wazi, na nje ya mlango hakuna tena ofisi, kuna barabara. Barabara ya lami, imenyooka, haina mwisho wala kivuli, na Mwamvua anaifuata kwa hatua za mtu anayekwenda kumgombeza jirani. Mbele yake amesimama mtu wa shati la kaki, asiye na uso, mahali pa uso pamelainika kama sabuni iliyotumika. Kitendawili, anasema yule mtu. Tega, anajibu Mwamvua, kwa mazoea ya utotoni, hata kabla hajashangaa kwamba anasemeshwa na mtu asiye na mdomo. Nilipewa sijui kusema, nikanyang'anywa najua kusoma. Mwamvua anafoka, sina muda wa vitendawili mimi, nionyeshe kwa Rubeni, nina maneno naye. Umeshindwa, anasema asiye na uso, nipe mji. Ndiyo sheria, kila aliyelelewa na bibi anaijua, kitendawili kikikushinda unatoa mji ndipo upewe jibu, na utotoni Mwamvua aligawa miji mpaka ya Ulaya bila kupungukiwa na kitu. Basi anasema kwa dharau, chukua Muheza nilikozaliwa, chukua. Nimekwenda Muheza, anasema yule mtu, Muheza wamenipokea, na jibu ni jina. Hapo hapo Muheza inainuka kando ya barabara, na machungwa yake kwenye matenga na reli yake, lakini imegeuzwa kama iliyomo kwenye kioo, msikiti wa kulia uko kushoto, na juu ya kila mlango pameandikwa Karafuu. Mama yake yuko kibarazani anachagua mchele. Mama, anaita Mwamvua, ni mimi. Wewe nani? anauliza mama bila kuinua kichwa. Mwamvua! Mama anatikisa ungo, anasema, huyo simjui, mwanangu mimi ni Karafuu, na wasichana watatu wanapita wote wakimwitikia, abee mama, abee mama, abee.

Mwamvua anakimbia, na barabara inakimbia naye, na yule wa kaki yuko mbele vilevile, hajasogeza mguu. Kitendawili. Mwamvua hataki, lakini ulimi unajibu wenyewe, tega. Nyumba ileile, mlangoni rangi mpya. Nyumba gani, anapiga kelele Mwamvua, nakuuliza Rubeni unaniletea nyumba! Hasira, jamani, humziba mtu masikio, angetulia dakika moja angetegua. Umeshindwa, nipe mji. Chukua Korogwe, chukua na jukwaa nililoimbia mara ya kwanza, mshibe nayo. Nimekwenda Korogwe, wamenipokea, na jibu utalikuta mbele. Na Korogwe inafunguka, uwanja mzima, halaiki ya wasichana wamevaa dera lake la kijani, wanaimba kwa sauti yake, na sauti ni nzuri, hilo ndilo linalomkata maini. Anapanda jukwaani, anawasukuma, anapaza sauti, mimi ndiye wa kwanza! Nao wote wanaitikia kwa pamoja, mimi ndiye wa kwanza! Wezi! anawaambia. Wezi! wanamwambia. Nyani haoni kundule, anasema wa kaki kwa sauti ya utani, na Mwamvua anamrushia kiatu, na kiatu kinapita mahali pa uso kama kilichorushwa dirishani.

Kiatu kinaanguka kwenye sakafu ya steshenari. Ni ileile ya Barabara ya Kumi na Mbili, Tanga, anaitambua kwa harufu ya wino wa mashine ya kutolea kopi, ila bango lake linasomeka kinyumenyume. Wa kaki amekaa nyuma ya kompyuta, anachapa. Kwenye benchi amekaa Mbonea, ana kalamu, anatia saini taratibu kama mtoto wa chekechea, na kila herufi anayoiandika inaondoka na kitu usoni pake, nyusi zimekwenda, jicho moja limekwenda. Mwamvua anamnyang'anya karatasi, anasema, usisaini kitu cha Rubeni, mwanamke wewe, usisaini! Halafu anaisoma. Juu pameandikwa Ngoma Yangu Rekodi. Kipengele cha tisa: jina la kisanii, yaani Mdalasini, ni mali ya kampuni. Mwamvua anamgeukia mchapaji, mate yanamruka, nani kakutuma uandike uchafu huu? Wewe, dada, anasema asiye na uso. Ulikuja Jumanne na mkataba wako wa zamani, ukaniambia piga hivihivi, badilisha jina la kampuni na la msanii basi, nyumba ileile, mlangoni rangi mpya. Nikakwambia usome kwanza, ukasema ukiusoma huo utatapika. Na ni kweli. Mwamvua hajawahi kuuona mkataba mwingine maishani mwake, alidhani mikataba yote ndivyo ilivyo, kama fomu za kuombea kitambulisho. Hata jina la Mdalasini alilitoa yeye, alisema Mbonea ni jina la shambani, halikai kwenye bango, maneno yaleyale ambayo Rubeni aliyasema juu ya jina la Mwamvua, na yeye akayatamka bila kuusikia mwangwi.

Anaichana karatasi. Vipande vinatafutana hewani, vinashikana, karatasi ni nzima. Anaichana tena, inapona tena. Anaitia meno, inatoka mdomoni bila hata kukunjamana. Kitendawili, anasema wa kaki, na safari hii hasubiri tega. Mwizi nimemtafuta miaka sita, kumbe nalala naye kitanda kimoja. Nipe jibu au nipe mji. Mji uliobaki ni Tanga, na ndani ya Tanga yumo Mbonea, na Mwamvua analijua jibu, amelijua kabla kitendawili hakijaisha, lakini linamkaa kooni kama mwiba wa samaki. Hasira yake ya miaka sita, aliyoilisha na kuitunza vizuri kuliko mtoto, inamwambia, toa Tanga, toa, usijidhalilishe mbele ya mtu asiye na uso. Anafungua mdomo aseme chukua. Kwenye benchi, Mbonea amebaki na mdomo tu, na mdomo huo unauliza, dada, niandike jina gani? Mimi! anapiga ukelele Mwamvua. Jibu ni mimi, mwizi ni mimi, mwache mtoto wa watu!

Feni inazunguka. Umeme umerudi, taa nyekundu ya mashine inawaka, na Mwamvua yuko kitini, shingo inamuuma, mguu mmoja hauna kiatu. Mlango uko wazi na mlangoni amesimama msichana, mwanga wa dirisha la ofisi uko nyuma yake, uso hauonekani. Shikamoo dada, anasema, ulikuwa unaweweseka. Nilifika umelala, nikaona nisikusumbue, nikauchukua mkataba nikausaini, huu hapa. Mwamvua anauliza, umeandika jina gani? Si lile ulilonipa, anasema msichana, na sauti yake inacheka, Mdalasini. Mwamvua anaipokea karatasi, anaichana mara mbili, mara nne, anavitupa vipande sakafuni. Dada! Nimekosa nini? Hujakosa kitu, nimekosa mimi, tutaandika mwingine, na kabla ya saini tutausoma wote wawili, neno kwa neno. Sogea hapa kwenye taa nikuone, na uniambie jina lako. Mdalasini. Nasema lako, alilokupa mama yako. Msichana hasogei. Upepo wa feni unapita sakafuni, na vipande viwili vya karatasi vinateleza, vinakaribiana, ncha zinagusana. Mwamvua anavikanyaga kwa mguu usio na kiatu. Lakini dada, anasema msichana polepole, si ulisema hilo halikai kwenye bango? Litakaa, anasema Mwamvua, na chini ya wayo anahisi karatasi inasukuma, na hauondoi mguu.