Mpishi wa Nyuma ya Turubai

Madam Nouf alipomwambia Eucabeth kwamba familia itakwenda Jeddah likizo ya shule, Eucabeth aliingia bafuni, akafungulia bomba maji yapige kelele, akalia. Alikuwa mfanyakazi wa ndani katika nyumba ya madam huyo, mtaa wa Al-Suwaidi, Riyadh, na tangu aje hakuwahi kutoka nje ya mji. Lakini hakulilia safari. Jeddah ndiko alikopotelea mdogo wake, Lorine.

Lorine ndiye aliyetangulia kuja Saudia. Aliajiriwa mtaa wa Al-Nuzha, Jeddah, na kwa muda alikuwa akipiga simu nyumbani Mumias kila Ijumaa. Kisha simu zikakoma. Wakala aliyempeleka alisema msichana ametoroka kwa mwajiri, na akishatoroka, wakala hana la kujibu. Eucabeth alipoondoka kwenda Riyadh aliwaambia watu anafuata riziki. Mama yao peke yake ndiye aliyejua kwamba anamfuata Lorine pia. Mama mwenyewe hakungoja. Alifariki wakati wa mvua ndefu, akazikwa bila binti yake hata mmoja kuwepo kaburini.

Madam Nouf hakuwa mtu mbaya. Siku ya msiba alimwacha Eucabeth alie, akamletea maji ya kunywa kwa mkono wake, akamsikiliza habari yote ya Lorine. Akaahidi kumwomba dada yake, Reem, aliyeolewa Al-Rawdah huko Jeddah, aulizeulize. Reem akauliza, akampata yule kafili wa Al-Nuzha, yaani mwajiri aliyemdhamini Lorine. Kafili akasema msichana alitoroka, ameshamripoti, na popote atakapoonekana yeye ndiye wa kuambiwa kwanza. Madam akaihifadhi namba ya mtu huyo kwenye simu yake. Eucabeth alimshukuru sana.

Huko Jeddah hawakukaa sana kabla Reem hajapanga matembezi ya kutwa: magofu ya kijiji cha kale milimani, maji ya kuogelea bondeni, na chakula kilichopikwa kama walivyopika wazee. Waliondoka asubuhi, madam wawili na watoto, gari likiendeshwa na dereva wa Reem, Jackton, Mkenya wa Siaya. Eucabeth alikaa nyuma kabisa na makoti, chupa za maji na Juri, binti mdogo wa madam Nouf, ambaye hakukubali kukaa na mtu mwingine. Jina Eucabeth lilimshinda mtoto huyo, kwa hiyo alimwita Yuka, na nyumba nzima ikafuata.

Kiongozi wa matembezi, kijana aitwaye Turki, aliwapokea chini ya mlima, akiwa amevaa miwani ya jua na shali ya kizamani begani. Aliwapandisha kwenye magofu akieleza bila kupumzika. Nyumba zilikuwa za mawe yaliyopangwa bila saruji, mapaa yameanguka, milango ni matundu tu. Aliwaonyesha mahali walipofungwa mbuzi na kona moja ambayo masizi ya jiko yalikuwa hayajatoka ukutani.

"Walihama wote," Turki alisema. "Mvua ilikatika, wakashuka mjini kutafuta kazi. Waliosahau kitu hawakurudi kukichukua."

Reem alisema ni vizuri sana, wakapigana picha. Eucabeth, Juri akiwa mgongoni, aliitazama ile kona ya masizi mpaka akaitwa alete maji.

Bondeni palikuwa na vidimbwi vya maji ya kijani katikati ya miamba, vingine vyenye kina. Watoto wa Reem waliruka ndani. Juri naye akalia anataka, na madam Nouf hakutaka kulowa.

"Ingia naye, Yuka. Mshike vizuri."

Eucabeth hakuwa na nguo nyingine. Aliingia na baibui lake, maji yakamfika kifuani, baridi yake ikamkata pumzi. Kwanza alimshika tu mtoto. Halafu Juri akacheka, naye akajikuta anacheka, akamfundisha kupiga miguu kama alivyomfundisha Lorine mtoni zamani, kiganja kimoja chini ya tumbo. Kwa muda mfupi alisahau kwamba yuko kazini. Alipotoka, nguo zilimgandama mwilini, upepo wa bonde ukamtetemesha meno.

Mahali pa chakula palikuwa juu kidogo ya bonde: hema kubwa lenye mazulia na mito, na ndani yake bibi yake Turki, mwanamke mzee aliyekuwa haoni vizuri, ameketi karibu na birika za kahawa. Nyuma ya hema kulikuwa na turubai, na nyuma ya turubai kulikuwa na moshi.

"Nenda jikoni ukajikaushe, utaugua," madam Nouf alisema. "Na wewe watakupa chakula hukohuko."

Eucabeth alipita turubai. Mwanamke mmoja alikuwa ameinama juu ya tanuri la kuchimbwa ardhini, akikandika udongo kuzunguka kifuniko ili mvuke wa nyama usitoke. Alikuwa amempa mgongo. Alimaliza kukandika, akajipangusa shingo kwa kiwiko, na kwa tabia hiyo ya tangu utotoni Eucabeth akamjua.

"Lorine."

Mwanamke yule aligeuka haraka. Alikuwa amekonda, na jino moja la mbele halikuwepo. Alimtazama Eucabeth, akatazama turubai, akamwekea dada yake kiganja chenye udongo mdomoni.

"Usiniite hivyo. Hapa mimi ni Pauline."

Kisha wakashikana. Lilikuwa kumbatio la watu waliozuia sauti, na maji ya nguo za Eucabeth yakamlowesha Lorine mbele yote.

Lorine alieleza kwa kifupi, huku akirudi kwenye masufuria kila mara, kwa sababu wageni walikuwa wakingoja. Kule Al-Nuzha alifungiwa ndani, simu ikachukuliwa. Jino aliliacha hukohuko, hakusema lilitokaje. Siku moja mlango ulisahauliwa, akatoka na nguo alizovaa. Tangu hapo yuko kembo, ndivyo Wakenya wanavyowaita waliotoroka na kufanya vibarua vya kujificha. Msichana aliyeitwa Pauline aliporudi Kenya alimwachia ikama yake, kibali cha kuishi nchini. Turki aliitazama mara moja tu, akampa kazi.

"Yeye anawaambia wageni bibi yake ndiye anapika," Lorine alisema. "Bibi mwenyewe alinifundisha, na ananipenda. Huniwekea tende. Hapa nalala vizuri, Euca. Nikipata nauli na mtu wa kunitengenezea karatasi, nitakwenda nyumbani. Nataka nimwone mama kabla sijanunua hata kiatu."

Eucabeth alishika ukingo wa meza.

"Mama anasemaje?" Lorine aliuliza. "Amenikasirikia?"

"Mama hayupo, Lorine. Tulimpoteza wakati wa mvua. Hakukukasirikia. Kila gari likipita barabarani alikuwa anauliza kama ni wewe."

Lorine alisimama na mwiko mkononi. Akakaa chini kwenye gunia la mkaa, naye Eucabeth akapiga magoti mbele yake, wakakumbatiana tena, wakalia hivyo. Hawakumwona Juri, aliyekuwa ameinua pindo la turubai akimtafuta Yuka wake. Mtoto, aliyezoea kusikia nyumbani kwamba Yuka anamtafuta dada yake, alitazama kidogo, akarudi hemani.

Sauti ya Turki ikaita, "Yalla, Pauline, wageni wana njaa." Lorine aliinuka. Alinawa uso, akavunja udongo wa tanuri, akaitoa nyama, akaipanga juu ya wali na kuimwagia zabibu kavu. Alifanya yote hayo machozi yakiendelea kushuka, bila kuharibu kitu.

Wageni walikula wakasifu. Eucabeth aliitwa amlishe Juri, akakaa nyuma ya mtoto, nguo zake zikiwa bado na unyevu. Chakula kilipokwisha, Turki alisimama akaweka mkono kifuani.

"Mlichokula leo ni mkono wa bibi yangu. Anapika hivi tangu alipokuwa msichana."

Bibi, aliyezoea maneno hayo, aliinamisha kichwa kwa adabu.

"Si bibi," Juri alisema. "Amepika dada yake Yuka. Walikumbatiana, wakalia."

Madam Nouf aliweka kikombe chini. Uso wake ulijaa furaha ya kweli, na hilo ndilo lililomtia Eucabeth hofu.

"Dada yako? Yule wa Al-Nuzha?" Mkono wa madam ulikuwa tayari kwenye mkoba. "Alhamdulillahi. Namba ya kafili wake ninayo hapa. Tutalimaliza leo kwa wema, arudi kazini kwake, halas, yaishe."

Wakati huohuo Lorine alikuwa ameingia na sinia la chai. Alisimama pale pale penye uwazi wa turubai.

"Si dada yangu, madam," Eucabeth alisema. "Sisi Wakenya tunaitana dada tu. Simjui."

"Mtoto anasema mlilia."

"Nilimwambia kwamba mama yangu amekufa. Akanihurumia."

Turki aliingilia. Alikuwa ameshaelewa kwamba faini ya kumwajiri mtoro ingemwangukia yeye. "Huyu ni Pauline. Ana ikama, kila kitu sawa."

Madam Nouf akamgeukia Lorine. "Wewe, unamjua huyu?"

Lorine alimtazama dada yake kama unavyomtazama mtu uliyekutana naye dukani. "Simjui, madam," akasema kwa Kiarabu safi, akaliweka sinia mbele ya bibi, akaanza kumimina.

Madam alirudisha mkono kutoka kwenye mkoba polepole. Alionekana kama mtu aliyebeba zawadi ikakataliwa mlangoni. Reem akacheka kuondoa uzito, akasema basi angalau wapige picha ya bibi na mpishi wake. Bibi aliukamata mkono wa Lorine akamvuta karibu, na madam Nouf akapiga picha hiyo.

Wakati wa kuondoka Eucabeth alibeba makoti na chupa. Hakuaga. Alipopita nyuma ya hema aliona mgongo wa Lorine juu ya masufuria, akipakua ukoko kwa kuparuza, na Jackton, aliyekuwa amekula hukohuko, akiwa amesimama kando na sahani yake, anamtazama Eucabeth kwa huruma. Lorine alikuwa amemwambia yote.

Asubuhi iliyofuata madam Nouf alimwita sebuleni. Hakuwa na hasira, na ingekuwa afadhali angekuwa nayo.

"Nilimtumia yule mtu wa Al-Nuzha ile picha. Nilitaka kuhakikisha tu, nisije nikalala na shaka. Alimtambua mara moja. Kwa nini ulinidanganya, Yuka? Mimi niliyekuwa nakutafutia?"

"Madam, alipigwa kule. Jino lake..."

"Hilo angelisema penye haki. Mtu hakimbii." Kisha, kwa sauti ya chini kidogo, akaongeza, "Polisi wameshakwenda kumchukua."

Eucabeth aliomba simu ampigie Turki. Madam akasema hapana. Jackton ndiye aliyeleta habari, alipokuwa akisafisha gari na Eucabeth akitoa takataka. Lorine alikuwa na nafasi ya kuondoka jioni ileile ya matembezi, na Jackton alikuwa amemtafutia gari la rafiki yake Mkenya. Lakini Turki alimwomba abaki, ana wageni wengi Ijumaa. Kisha bibi akamshika mkono. Akabaki. Walipokuja polisi, Turki alisema amedanganywa na ikama ya bandia, yeye pia ni mhanga.

"Alikwenda bila fujo," Jackton alisema. "Aliomba abadilishe nguo, ile aliyovaa ilikuwa inanuka moshi."

Familia ilirudi Riyadh. Kuanzia hapo madam Nouf alimwita Eucabeth kwa jina lake lote, na simu akawa anapewa siku ya mapumziko tu, mbele ya mtu. Wema haukuondoka kabisa. Chakula kilikuwa kilekile na mshahara haukukatwa. Ila madam hakumuuliza tena habari za kwao. Juri, ambaye hakuelewa alichofanya, alikataa kwa muda kulala bila Yuka, kisha akazoea.

Lorine alikaa kizuizini hadi joto lilipopita, akarudishwa Kenya bila mzigo. Siku aliyopiga simu, Eucabeth alikuwa jikoni anachambua dengu, na madam alikuwa amekaa mlangoni anaangalia simu yake mwenyewe.

"Nimefika," Lorine alisema. "Nyumba imefungwa. Ufunguo uko kwa nani?"

"Kwa Mama Solomon, hapo jirani."

"Nimeliona kaburi. Halijawekewa saruji, nyasi zimelipanda. Nimezing'oa."

"Ahsante."

Jogoo aliwika upande wa Lorine.

"Nimekuwa nikifikiria, Euca. Ile siku. Ulisema si dada yako."

"Ningesema nini, Lorine? Alikuwa tayari anatoa simu."

"Najua. Nami nilisema hivyohivyo. Lakini wewe ulisema upesi. Ndiyo kwanza nimetoka kusikia mama amekufa, naingia na chai, nakusikia unasema hunijui, hata hukusita. Najua ilikuwa kwa ajili yangu. Kule kizuizini nilijiambia kila siku kwamba ilikuwa kwa ajili yangu."

Eucabeth alitafuta neno la kwao, lile la kumbembelezea mtoto, akalipata. Lakini madam Nouf aliinua macho, naye Eucabeth akaliacha. Akasema kwamba paa la jikoni huwa linavuja, aweke sufuria chini upande wa dirisha.

"Nimeshaweka," Lorine alisema.

Mkataba wa Eucabeth bado haujaisha. Huzungumza na Lorine siku za mapumziko, habari za ua, za ng'ombe wa jirani anayevunja ua huo, za nani ameolewa. Lorine amepata kazi ya kupika hotelini karibu na stendi ya Mumias, na wateja wanapenda wali wake. Wakimuuliza alijifunzia wapi, husema kwa bibi mmoja, halafu hubadilisha mazungumzo.