Chumba cha Thelathini na Moja

Mzee Shaabani alijenga nyumba za watu kwa miaka arobaini na mmoja, na katika miaka hiyo yote hakuwahi kuona sababu ya mtu kutembea juu ya dari. Sasa, akiwa na miaka sabini na miwili, alitembea juu ya dari kila siku baada ya swala ya alasiri, ameketi kwenye kiti cha plastiki mbele ya mlango wake huko mtaa wa Buyenzi, simu ya zamani ya binti yake mkononi.

Mchezo huo aliutengeneza Houda mwenyewe, kitinda mimba wake, aliyesomea kompyuta na kupanga chumba mtaa wa Kamenge. Haukuwa na rangi, wala muziki, wala neno hata moja. Kulikuwa na chumba cheusi, kijiboksi cheupe, miiba na mlango. Kidole cha kushoto kilikiendesha kijiboksi mbele na nyuma. Kidole cha kulia kiligeuza uzito: ukigusa mara moja, kijiboksi kilichosimama sakafuni kinaanguka kuelekea juu mpaka darini, na tangu hapo dari ndiyo sakafu yake. Ukigusa tena, kinarudi chini. Kikiwa bado hewani hakisikii amri. Lazima kwanza kikanyage kitu. Ukikifikisha mlangoni, chumba kingine kinafunguka. Vyumba vilikuwa arobaini.

"Kwa nini mi?" Shaabani aliuliza siku alipopewa simu. "We hauna rafiki?"

"Rafiki zangu wamezoea michezo, Baba. Nataka mutu ambaye hajashika mchezo hata siku moja. Ukielewa we bila kuelezwa, kila mutu ataelewa."

"Yaani umetafuta mjinga."

"Nimetafuta fundi."

Jibu hilo lilimkaa vizuri moyoni. Alinunua daftari la miraba, kama lile alilokuwa nalo alipokwenda shule ya jioni akiwa na miaka thelathini na minane, mikono ikiwa bado na saruji kwenye kucha, akakaa benchi moja na vijana waliokuwa sawa na watoto wake. Huko alijifunza kusoma ramani ya jengo bila kumngoja mhandisi amsomee. Kitu kilichomwogopesha wakati ule hakikuwa ugumu wa masomo. Aliogopa kuwa wa mwisho.

Vyumba vya mwanzo vilimchekesha. Cha tano kilimfanya ainamishe kichwa pembeni mpaka shingo ikauma. Cha kumi na tisa kilimla siku mbili nzima, kwa kuwa kila mara alianza kama anavyoanza fundi yeyote wa mawe: chini, kwenye msingi, halafu mstari juu ya mstari. Siku ya pili jioni aliweka simu, akachora chumba kwenye daftari, akaanza mlangoni na kurudi nyuma hatua kwa hatua. Mahali alipokuwa akipaona dari pakawa njia. Alikuwa amefunika vichwa vya watu kwa dari ngapi katika mji huu, na hakuna hata moja aliyoitazama upya baada ya kuimaliza.

Kwa siku kumi na moja akapita vyumba thelathini. Halafu akafika cha thelathini na moja.

Kwa kukitazama kilikuwa chepesi. Kijiboksi kilisimama ukingoni mwa shimo. Juu, kuanzia palepale ukingo ulipoishia, dari ilikuwa na miiba saba mfululizo, na baada ya mwiba wa saba kulikuwa na dari safi, halafu mlango. Kazi yako ilikuwa moja: kugusa ukiwa ukingoni kabisa, kuanguka kwenda juu huku unakwenda mbele, uiruke miiba yote, ukanyage pale pasafi. Kila mara kijiboksi kilichomwa na mwiba wa saba. Si wa tatu wala wa tano. Ule wa mwisho tu, kana kwamba kilichokosekana ni wepesi wa kidole.

Shaabani alijaribu siku nne. Alibadili kidole. Alifuta kioo kwa kitambaa cha miwani. Siku ya nne alianza kufikiri juu ya marehemu kaka yake, ambaye miaka yake ya mwisho alikuwa akisahau njia ya kutoka sokoni, na akajiuliza kama mambo huanza hivi, kwa mwiba mmoja.

Jumapili alikuwa gereji kwa Ilyasi, rafiki yake tangu ujana, fundi wa magari. Kwa kuwa mafuta yalikuwa yamekosekana tena mjini, magari yalilala na mafundi wakabaki wanakunywa chai na kutafuta wa kumcheka.

"Mutazame mzee mwenzangu," Ilyasi aliwaambia vijana wake. "Wengine wakifika umri huu wanashika tasbihi. Huyu ameshika kisanduku cha watoto, na kisanduku kimemushinda."

"Hakijanishinda."

"Tangu Alhamisi unaipiga simu kwa vidole kama anayetwanga pilipili. Sema tu, Fundi, umekwama. Hapa hakuna mugeni."

Vijana wakacheka. Wakati huohuo simu ya Shaabani ikalia, naye, kwa haraka, akagusa pale panapofanya sauti isikike na watu wote. Ilikuwa Houda.

"Baba, umefika wapi? Mi natuma mchezo Ijumaa adhuhuri. Mashindano ya Dar es Salaam, hawapokei tena baada ya hapo. Rafiki zangu Gélase na Laure wote wamekwama kwenye thelathini na moja. Wanasema hakipitiki, nikifumue. We umekipita?"

Ilyasi aliweka kikombe chini ili asikie vizuri.

"Nimemaliza," Shaabani alisema. "Vyote arobaini."

"Na thelathini na moja pia?"

"Nimepima."

Upande wa pili kilisikika kicheko cha mtu aliyetuliwa mzigo. "Basi. Nakiacha kama kilivyo."

Katika kazi ya ujenzi waliyoifanya akina Shaabani, neno hilo haliulizwi mara mbili. Fundi akishasema "nimepima", hakuna anayeshika kamba ya kupimia nyuma yake. Watu wanachanganya saruji na kazi inaendelea. Na ikitokea ukuta umekwenda upande, aliyelisema neno hatumi mtu. Anarudi mwenyewe na nyundo yake, mchana, mbele ya wote, na kuubomoa kwa mkono wake. Houda aliyajua hayo kuliko mtoto yeyote wa Shaabani. Alipokuwa mdogo ndiye aliyempelekea baba yake chakula kazini, na aliwahi kumwona akibomoa ukuta wa jiko huko Musaga, mwenye nyumba amesimama kando na mikono kiunoni.

Jumatatu na Jumanne Shaabani alijaribu kuugeuza uongo uwe kweli. Hakufanikiwa. Jumatano aliacha kutumia kidole, akachukua rula.

Alipima kijiboksi kwenye kioo, akapima urefu wa chumba kutoka sakafuni mpaka darini: boksi tisa. Kisha akarudi kwenye vyumba vya nyuma, alivyovipita kwa haki, akakiangusha kijiboksi tena na tena huku akihesabu. Penye urefu wa boksi sita, kilikwenda mbele boksi nne. Penye urefu wa tisa, sita. Penye kumi na mbili, nane. Haikubadilika hata mara moja, ugusapo taratibu au upesi. Akarudi chumba cha thelathini na moja. Urefu tisa. Kwenda mbele sita. Miiba saba.

Hakukuwa na kidole duniani ambacho kingepita pale.

Furaha yake ilidumu kwa muda wa kumaliza kikombe cha chai. Kichwa chake kilikuwa kizima. Alikuwa ameshindwa kufanya kisichowezekana, na kwa aibu ya kushindwa huko akasema kimewezekana. Kama Jumapili angesema "nimekwama", wangekuwa watu watatu waliokwama, na Houda angekifumua chumba siku ileile.

Alhamisi asubuhi alivaa shati la kola, akalitia daftari chini ya kwapa, akaenda Kamenge. Mabasi hayakuwepo, kwa hiyo alitembea. Angeweza kupiga simu, lakini ukuta haubomolewi kwa simu.

Njiani akili yake ilimletea njia nyingine, tena nzuri. Angemwambia Houda: nimefikiri upya, kile chumba ni kigumu mno kwa watu wa kawaida, toa mwiba mmoja. Angeutoa. Mchezo ungepona, na neno lake lingebaki palepale. Alitembea na wazo hilo mpaka alipokaribia hospitali kubwa, na hapo lilimwacha mkono. Baada ya cha thelathini na moja kulikuwa na vyumba tisa. Alikuwa amesema amevipima hivyo pia, na hakuwa amekanyaga hata kimoja. Zaidi ya Houda, hakuna mtu aliyekuwa amevikanyaga.

Houda alimfungulia mlango akiwa na kalamu kwenye nywele.

"Baba? Umekuja kwa mguu? Keti, nikupe maji."

"Maji baadaye." Alibaki amesimama. "Houda, sikupita chumba cha thelathini na moja."

Binti alimtazama kama mtu anayengoja sehemu ya pili ya mzaha.

"Ulisema umepima."

"Nilisema."

"Na vile tisa vya mbele?"

"Sijaviona."

Houda alikaa kitandani. Shaabani alifungua daftari, akaliweka mezani mbele ya kompyuta, akalisukuma kidogo kwa ncha za vidole. Mahesabu yalikuwa yameandikwa kwa mwandiko ulionyooka, na miiba saba imechorwa mmojammoja.

Houda alisoma kwa muda. Kidole chake kilisimama kwenye namba tisa.

"Ilikuwa kumi na moja," alisema polepole. "Urefu. Ni dari. Nilishusha dari, kuanzia thelathini na moja mpaka mwisho, nipate nafasi ya namba ya chumba juu. Boksi mbili tu. Nilikwisha kuvijaribu vyote kabla, sikujaribu tena baada."

"Umeshusha dari bila kutazama nini kinapita chini yake?"

"Baba. Leo si zamu yako ya kukemea."

Shaabani aliona ni haki yake kusema hivyo.

"Ungeniambia Jumapili," Houda alisema.

"Kulikuwa na watu."

"Nani?"

"Ilyasi. Na vijana wa gereji."

"Ilyasi." Alilitaja jina taratibu, kana kwamba ameokota kitu kidogo sakafuni na sasa anakiangalia. "Siku nne nimewacheka Gélase na Laure. Nimewaambia mzee wa miaka sabini na miwili amepita, nyinyi mnalia nini. Laure aliniuliza kama nina hakika. Nikamwambia baba yangu hasemi hivyo bure."

Shaabani alitazama mikono yake. Kulikuwa na jambo jingine, na hakupenda kulisema, lakini alikuwa amekuja kubomoa, na mtu habomoi nusu.

"Si Ilyasi peke yake," alisema. "Nilidhani ni kichwa changu. Nilidhani kimeanza, kama cha baba yako mukubwa. Nikaona, kama ni hivyo, heri asijue mutu."

Houda aliinuka, akammiminia maji, akayaweka karibu na mkono wake. Kisha akageukia kompyuta na kuanza kuzirudisha dari juu, chumba kimoja baada ya kingine, na kwa saa nzima sauti iliyosikika ilikuwa ya vidole vyake tu. Shaabani alikaa kwenye kigoda karibu na mlango. Alijua kukaa hivyo. Ukishaangusha ukuta wa mtu, unangoja akuambie kama bado una kazi.

Hatimaye Houda alimpa simu.

"Hii ina mchezo mpya. Anza."

"Thelathini na moja?"

"Cha kwanza."

"Lakini thelathini vya mwanzo nilivipita kweli, mama. Vile..."

"Hivyo ndivyo unavyosema," Houda alisema bila ukali. Alivuta kiti, akaketi kando yake mahali anapoweza kuona kioo, na karatasi juu ya goti. "Mi nitaangalia. Ukianguka, niambie umeanguka, na mara ngapi. Nahitaji kujua wapi watu wataanguka."

Maneno yale ya kwanza yalimchoma, na aliyaacha yachome. Alianza chumba cha kwanza, ambacho mtoto wa miaka minne angekipita, bega lake likigusana na la binti aliyekuwa akihakikisha. Cha pili. Cha tano. Kwenye cha kumi na tisa alisikia pumzi ya Houda ikibadilika alipoona njia aliyopitia baba yake, kwa kuwa si ile aliyoipanga yeye, kisha akaiandika.

Adhuhuri ilipita na Shaabani akasali pembeni ya kitanda, akarudi kuketi. Kwenye thelathini na moja kijiboksi kiliondoka ukingoni, kikapanda, kikaipita miiba, kikatua pasafi kikiwa kimebakiwa na nafasi ndogo kama ukucha. Hakuna aliyeshangilia. Mlango ukafunguka, na mbele yake kukawa na chumba ambacho hakuna mtu aliyewahi kukijaribu zaidi ya yule aliyekijenga: nguzo mbili, miiba pande zote, mlango ukining'inia katikati kama taa.

Alikitazama kwanza. Akaingia. Akafa. Akaingia tena, na tena.

"Nimeanguka," alisema.

"Mara ngapi?"

Angeweza kusema mbili, kwa kuwa wakati ule Houda alikuwa ametazama dirishani.

"Nne," alisema Shaabani. "Sasa tano."

Houda akaandika tano.