Papai la Shemeji

Shemeji yangu, mume wa dada, hajawahi kukanyaga Japani. Hata ndege hajapanda. Aliangalia video sita za mapishi ya Kijapani kwenye simu, basi, na tangu hapo ukimwambia habari za asubuhi anainama kwanza ndiyo anaitikia.

Wote tuko kwenye mgahawa wa Mjomba. Mimi nachoma nyama nje, mwaka wa nne huu, tangu niliposhindwana na shule. Yeye alikuwa anaosha vyombo. Alhamisi Mjomba akaniita.

"Kesho mchana anakuja mama mmoja wa ofisi ya bima. Anatafuta pa kuagiza chakula cha wafanyakazi wake kila wiki. Shemeji yako atampikia mishikaki ya Kijapani. Akiipenda, jiko la makaa analishika yeye. Wewe utaenda kwenye sinki."

"Sawa, Mjomba."

Ningesema nini? Miaka minne ya moshi machoni, halafu natolewa na simu.

Jioni nikamkuta mtaalamu anakata nyama ya ng'ombe. Akatia sosi ya soya, tangawizi, kitunguu saumu. Hapo sina neno. Halafu akakwangua nusu papai bichi, akamwagia lote.

"La nini hilo?"

"Linalainisha. Wewe endelea na chumvi yako na limau, shemeji."

"Unaiacha mpaka lini?"

"Mpaka kesho. Ladha iingie."

Yeyote aliyewahi kuchoma nyama anajua papai bichi ni nusu saa, mwisho. Ukililaza na nyama mpaka asubuhi, unaamkia uji. Nilijua. Nikamtakia usiku mwema, kwa heshima zote. Njiani nikapitia buchani.

Kesho yake mama wa bima akakaa meza ya karibu na jiko, mkoba mapajani, kama amekuja kufanya ukaguzi. Shemeji akafunua beseni. Nyama ya kwanza ikamsambaratikia vidoleni. Ya pili ikakubali kijiti, ikafika juu ya makaa, ikadondoka. Ya tatu ikamfuata mwenzake. Moshi ukatanda, na yeye amebaki na vijiti vitupu mkononi.

"Ndivyo inavyoliwa huko?" mama akauliza.

Shemeji akainama.

Mjomba akanigeukia, jasho linamtoka. "Kuna nyama nyingine?"

"Ipo."

Nikaitoa kwenye friji, chini ya kabichi. Imekaa kwenye chumvi na limau, imeshatungwa, vijiti nimeviloweka kwanza visiungue. Mjomba akaitazama. Akanitazama.

"Hii umeiandaa saa ngapi?"

"Asubuhi."

"Kabla nyama yake haijaharibika."

Nikajifanya napuliza makaa.

"Choma," akasema, taratibu sana.

Nikachoma. Sijawahi kugeuza nyama kwa adabu vile. Mama akala mmoja. "Nyama nzuri," akasema, kama mtu anayesifia kiti. Halafu akachovya wa pili kwenye kibakuli alichokiweka shemeji mezani: soya, siki, sukari, ufuta wa kukaanga, na pilipili ya kumtoa mtu machozi. Akafuta pua. Akachovya tena. Akakivuta kibakuli kwake.

"Sosi hii katengeneza nani?"

Mjomba alikuwa ananiangalia mimi, anangoja.

"Huyo hapo," nikasema. "Anayeinama."

Mama akaagiza mishikaki ya watu thelathini, Ijumaa ijayo. Alipoondoka, Mjomba akatusimamisha kama watoto.

"Wewe makaa, yeye sosi. Na vyombo mtaosha wote. Yeye kwa kutojua, wewe kwa kujua."

Kwa hiyo nipo kwenye sinki, povu mpaka viwikoni, bega kwa bega na Japani nzima.

"Ungeniambia tu, shemeji," akasema, ananipa sahani.

"Kwani video haikukuambia?"

Akasuuza kikombe, akafikiri.

"Iliniambia, nadhani. Sehemu ile walikuwa wanaongea Kijapani."