Mfuko Mwekundu

Kila asubuhi, kabla hata ya kunywa kahawa, Ludivina aliinua mlango wa chuma wa duka, akatundika mabeseni na mipira ya maji nje, kisha akachota misumari ya Jerson. Hakuna aliyemtuma. Aliipima nusu kilo kwenye mizani ya babu yake, akaongeza konzi moja ya nyongeza, akaifunga kwa gazeti kuukuu na kuiweka chini ya kaunta. Jerson alizoea kufika wakati Manang Bebing, dada mkubwa wa kila mtu mtaani, bado anapepea makaa ya mikate yake ya mchele pale mlangoni. Aliegemea kaunta na kusema, "Vina, ile yangu," naye Vina aliitoa bila kuinua macho.

Fundi wa paa mwenye akili zake hununua misumari kwa boksi. Jerson, aliyekuwa akijijengea nyumba yake mwenyewe, alinunua nusu kilo, siku baada ya siku, na kesho yake akarudi. Vina hakuwahi kumuuliza kwa nini. Aliogopa kwamba akiuliza, Jerson angegundua kosa lake na kununua boksi.

Asubuhi hiyo gazeti lilikuwa bado mkononi mwake alipotupa jicho barabarani. Jerson alikuwa akipita ng'ambo, upande wa kanisa, kwa hatua za haraka, koti lake amelibana kifuani ingawa jua lilishaanza kuchoma. Chini ya koti ilichungulia ncha ya mfuko wa plastiki mwekundu.

Mji mzima uliujua wekundu ule. Ulitoka kwenye duka jipya la vifaa vya ujenzi kule barabara kuu, lenye viyoyozi na milango inayojifungua yenyewe.

"We Vina," alisema Manang Bebing, upepeo wake ukiwa umesimama hewani. "Yule si suki wako yule?"

"Simwoni vizuri."

"Mimi macho yangu mabovu na nimemwona."

Suki si mteja tu. Mteja hununua akaenda zake. Suki ana muuzaji wake na muuzaji ana suki wake, na hawaachani kwa sababu ya mvua wala bei. Akilazimika kununua kwingine, hupita njia ya nyuma na kuficha alichobeba. Kwa hiyo lile koti lilimuumiza Vina kuliko mfuko wenyewe. Mtu asiye na hatia hafichi kitu.

"Nasikia kule kuna msichana kwenye kaunta ya kulipia," Manang Bebing aliendelea, akigeuza mkate. "Charmaine. Kucha hizi hapa, ndefu, zina vimulimuli. Anawaita mafundi 'kiongozi'. Sasa wewe fikiria, mwanamume ameshinda juu ya bati, jua la utosi, halafu anashuka anaitwa 'kiongozi'. Si atanunua hata choo ambacho hana pa kukiweka?"

Vina aliingiza gazeti la misumari chini ya kaunta. Kidole chake kilikuwa kinatoka damu, na hakujua amejichoma saa ngapi.

Kesho yake alichota tena. Keshokutwa vilevile. Jerson hakuja. Magazeti yalirundikana chini ya kaunta, na kila Vina alipoinama kuchukua msasa au gundi aliyaona yamelala pale, manene, kama paka walionyimwa chakula.

Wateja wengine walikuja kama kawaida. Mmoja alileta kipande cha koki iliyovunjika, akakiweka kaunta bila kusema neno, na Vina akaenda moja kwa moja kwenye kikopo cha nne akarudi na pacha wake. Bibi mmoja alitaka rangi ya bluu ya kumalizia kiti tu, Vina akampimia kwenye chupa ya soda. Mwingine alitaka parafujo tatu. Akapewa tatu, akakaa kwenye benchi akasimulia jinsi kabati lilivyomwangukia shemeji yake. Hivyo ndivyo duka lile lilivyokuwa, limebanana, linanuka kutu na kamba mpya, na hakuna aliyetoka bila kuulizwa anajenga nini. Zamani Vina aliona fahari. Wiki hiyo aliona tu kwamba hawana kiyoyozi.

Siku ya soko alimdanganya baba yake kwamba anakwenda kununua samaki. Akavaa kofia ya shangazi yake, ile pana ya kwendea shambani, akaenda barabara kuu. Milango ikajifungua. Baridi ikamlamba miguu. Binti wa duka la misumari akaingia duka la wenzake kama mwizi, akajibanza nyuma ya viti vya plastiki vilivyopandana hadi darini.

Alimwona. Jerson alikuwa amesimama mbele ya ukuta mzima wa bawaba, kila moja imefungwa kwenye karatasi ngumu na plastiki. Alichukua moja, akaigeuza, akajaribu kuipapasa juu ya plastiki. Vina alijua anatafuta nini. Jerson alitumia mkono wa kushoto, na madirisha yake mwenyewe aliyapenda yafunguke kushoto. Mkono wa Vina ulinyanyuka wenyewe kumwonyesha. Akaushusha.

Kwenye kaunta ya kulipia, Charmaine alimwambia neno. Jerson akacheka.

Neno gani? Vina alinyoosha shingo mpaka kiti kimoja kikatoa mlio. Kwa miaka miwili alikuwa amempa huyu mtu misumari iliyonyooka, akimchagulia mmoja mmoja, na hakuwahi kumfanya acheke. Huyu wa kucha za vimulimuli alimpa mfuko tu, naye meno yote nje! Vina alizitazama zile kucha. Kwa kucha kama hizo mtu hawezi kuokota hata washa ya bolti sakafuni. Wazo hilo lilimfariji hadi alipofika mlangoni, basi.

Alirudi bila samaki. Akayatoa magazeti yote chini ya kaunta, akayachana, akaimwaga misumari kwenye pipa. Ilimwagika kwa kelele tamu, ya kulipiza kisasi.

"We! We! Inday!" Baba yake, Mzee Pidyong, aliyemwita hivyo kama wazee wote wa mtaani waitavyo binti, alikuja mbio na kalamu sikioni. "Hilo ni pipa la inchi tatu! Umenichanganyia inchi mbili humo! Umepatwa na nini?"

"Na samaki yuko wapi?" aliuliza Manang Bebing kutoka mlangoni.

"Nimesahau."

"Kasahau samaki sokoni," Manang Bebing aliwaambia watu wa benchi. "Hiyo ni homa, hiyo."

"Kaa hapo uichambue yote," alisema Mzee Pidyong.

Kwa hiyo Vina alikaa sakafuni, penye mlango wa kupitia jikoni, akachambua misumari, mirefu huku, mifupi kule. Alipokuwa akichambua alikumbuka mara ya mwisho Jerson alipokuja. Baba yake alikuwa na furaha siku hiyo, na baba yake akiwa na furaha hutania vibaya. "Wachumba wa binti yangu nawajua," alisema mbele ya benchi lote. "Wanachumbia saruji! Yule dereva alikuja hapa mwaka mzima, 'Vina mzuri, Vina mpole,' nyumba ilipoisha akaoa mwanamke wa mkoa wa Antique. Na wewe fundi, paa lako limebaki kiasi gani?" Benchi lilipasuka kwa kicheko. Vina alikimbilia nyuma ya mabati na kukaa huko hadi aliposikia sandali za Jerson zikiondoka. Gazeti la misumari lilibaki kaunta. Hakulichukua.

Mtu alibisha hodi. Si dukani. Ulikuwa mlango wa jikoni, upande wa uani, ambao wageni wa nyumbani tu huubisha.

"Duka liko huku mbele!" Mzee Pidyong alipaza sauti.

"Najua, Mzee. Sikuja dukani."

Jerson aliingia kupitia jikoni. Nywele zilikuwa mbichi, zimechanwa, na shati lina mikunjo ya pasi. Alibeba kichane cha ndizi mbivu, akikishika kwa mikono miwili kana kwamba kina moto. Aliruka mafungu ya misumari, akasimama.

"Unataka nini, fundi?" aliuliza Mzee Pidyong. "Bawaba?"

"Hapana."

"Msumari je?"

"Hata mmoja, Mzee." Alimnyooshea kile kichane. "Siku ile ulisema wanaokuja kwa Vina wanakuja kwa ajili ya saruji. Vina akajificha. Nikajua naye anaamini hivyo. Nikafikiri, nikiendelea kuchukua nyongeza hapa, halafu nije kubisha hodi, nani ataniamini? Nikawa nanunua kule. Ghali, na hawauzi parafujo chini ya pakiti, nyumbani ninazo za kuzikwa nazo. Lakini paa langu limeisha jana. Sihitaji kitu chochote dukani kwako. Ndiyo nimekuja."

Mzee Pidyong alitoa kalamu sikioni, akaitazama, akairudisha. Mlangoni, mkate wa mchele ulianza kuungua na hakuna aliyeugeuza.

"Haya, Inday," alisema Manang Bebing kwa upole. "Umesikia."

Wote walimgeukia Vina. Miguu yake ilishaanza kuelekea nyuma ya mabati, kwa mazoea. Akaizuia. Akataka kusema jambo zuri, lakini lililotoka ni hili:

"Yule msichana anajua kwamba unatumia mkono wa kushoto?"

"Msichana gani?"

"Wa kule. Mwenye kucha."

Jerson alishangaa. "Hajui hata jina langu. Anawaita watu wote 'kiongozi'."

"Lakini ulicheka."

"Aliniuliza kama hizo parafujo nazila. Sasa ningefanya..." Akamkazia macho. "Wewe ulinionaje?"

Benchi zima likainama mbele.

"Ulikwenda kule?" Mzee Pidyong alishika kaunta. "Binti yangu? Wa damu yangu?"

"Ndiye yule samaki!" alipiga kelele Manang Bebing. "Ndiye yule samaki aliyesahauliwa!"

Walicheka mpaka mabati yakaitika. Vina alihisi masikio yake yanawaka. Siku nyingine yoyote angetoweka. Lakini sasa alikuwa ameshaonekana mzima, na kofia ya shangazi na uongo wa sokoni, hakubakiwa na cha kuficha. Akasimama. Msumari mmoja ulikuwa umemnata kwenye goti.

"Nilikwenda," alisema. "Nilikwenda kwa sababu ya wivu. Kila asubuhi nilikufungia misumari, hata baada ya wewe kuacha kuja. Siku ile nilijificha kwa aibu tu, sikuamini lolote." Alimtazama usoni. "Misumari kanunue unakotaka, Jerson. Ninayetaka aje hapa ni wewe."