Haki ya Kusema Ngoja

Kafedha Munga alikuwa ametimiza miaka ishirini na miwili katika chumba cha mafaili cha zahanati ya Mtongwe, na hakuna aliyewahi kumwona akihangaikia faili hata dakika mbili. Ukimtajia jina, mkono wake ulikwishafika kwenye rafu kabla hujamaliza kulitamka. Wagonjwa wengine hawakujua jina la daktari wao, lakini yeye walimjua.

Zahanati zenyewe zilikuwa tatu, za mwenye mmoja, Daktari Abdulaziz: moja hapo Mtongwe, upande wa Likoni, moja Frere Town, upande wa Kisauni, na ya tatu Port Reitz, kule Changamwe. Kila moja ilikuwa na mafaili yake na taratibu zake. Mgonjwa wa Mtongwe akihamia kwa dadake Kisauni, habari zake zote zilibaki rafuni kwa Kafedha, naye huko alikokwenda akaanza upya kama mtu aliyezaliwa jana.

Mwaka uliotangulia, Daktari alijaribu kuliondoa tatizo hilo. Alileta kampuni ya kuyaingiza mafaili katika kile wataalamu walichokiita wingu, yaani kompyuta kubwa zilizoko mbali, zinazofikiwa kwa mtandao, ili zahanati zote tatu zisome kitabu kimoja. Wafanyakazi walifundishwa nusu siku, wakapewa chai na mandazi, wakaambiwa waanze Jumatatu. Wiki mbili hazikutimia. Frere Town walikuwa wakitumia neno moja la siri watu wote tisa, ikawa haijulikani nani aliandika nini. Port Reitz waliandika kwenye kompyuta na kwenye karatasi, na viwili hivyo vikapingana. Mtongwe mtandao ulikatika siku tatu, na hakuna aliyejua ampigie nani simu. Kila mtu alikuwa na la kulalamika, hakuna mwenye la kuamua. Daktari akauzima mtambo, watu wakarudi kwenye karatasi, na kwa muda mrefu neno "wingu" likawa la kuchekesha wakati wa chai.

Kwa hiyo Kafedha alishangaa alipoitwa ofisini asubuhi moja ya Februari.

"Kafedha!"

"Abee, Daktari."

"Keti. Nataka tulirudie lile jambo la mwaka jana. Na safari hii nataka uliongoze wewe."

Kafedha alicheka, kisha akaona mwenzake hacheki. "Mimi? Mimi nina cheti cha kidato cha nne, Daktari. Kompyuta naifungua kwa bismillahi ya watu wengine."

"Mtaalamu ninaye. Bonface ataendesha mitambo, na kijana yule anaijua kazi yake. Lakini mwaka jana hatukuangushwa na mitambo, wallahi. Tuliangushwa na sisi wenyewe. Nataka mtu ambaye akiambiwa jambo, jambo hilo linafika mahali."

Kafedha aliomba wiki moja, akaitumia kuzunguka. Alivuka kivuko kwenda Frere Town, siku ya pili akaenda Port Reitz, na kila aliyemkuta, awe muuguzi au mfamasia au mtu wa mapokezi, alimuuliza swali moja tu: "Mwaka jana jambo lilipoharibika, ulimwambia nani?"

Wengi walisema hawakumwambia mtu. Mmoja alisema alimwambia mwenzake wa meza ya pili. Mwingine alisema alimwambia mumewe. Maryanne, muuguzi wa Port Reitz aliyetoka Kakamega miaka kumi iliyopita, alisema waziwazi, "Nilinyamaza. Niliona nikisema mashine inakosea, wataona mimi ndiye siijui, na kazi yangu itaenda."

Kafedha aliyaandika majibu yote kwenye daftari. Aliporudi kwa Daktari alikuwa na karatasi moja tu, iliyochapwa upande mmoja.

Ndani yake kulikuwa na kamati ya watu saba, wawili wawili kutoka kila zahanati, wote wakiwa watu wanaolishika faili kwa mikono yao, Kafedha mwenyewe akiwa mmoja wa wale wa Mtongwe na mwenyekiti, na Bonface akiwa wa saba kwa kura moja kama wenzake. Chini yake kulikuwa na maamuzi, na mbele ya kila uamuzi jina la mtu mmoja: nani anaruhusu mfanyakazi kulifungua faili la mgonjwa, nani anapigiwa mtandao ukikatika, nani anasahihisha kosa lililokwisha kuandikwa, nani anaipanga siku ya zahanati kuhamia kwenye mtambo mpya. Iliandikwa pia kwamba hakuna atakayepoteza kazi kwa sababu ya kuhama, na kwamba kila mmoja atafundishwa mpaka yeye mwenyewe aseme inatosha.

Daktari alisoma taratibu, akafika mstari wa mwisho, akaurudia kwa sauti.

"'Mfanyakazi yeyote anaweza kusema ngoja, kwa maandishi na kwa sababu. Akisema, zahanati hiyo haihami mpaka kamati iione sababu yake imejibiwa.'" Alivua miwani. "Yeyote? Hata nikiwa mimi nimekwisha sema twende?"

"Hata wewe, Daktari. Usipokuwamo, hiyo ni karatasi tu."

Daktari alichukua kalamu akatia sahihi. Karatasi ikabandikwa ukutani katika zahanati zote tatu, karibu na birika la chai, mahali ambapo kila mtu angeisoma apende asipende.

Frere Town walihama mwezi wa Mei, bila kishindo. Port Reitz wakafuata Juni, na Maryanne ndiye aliyewafundisha wenzake, kwa Kiswahili chake cha bara kilichozoea upepo wa pwani. Ikabaki Mtongwe, iliyopangiwa Alhamisi moja ya Julai. Siku hiyohiyo Daktari alikuwa amewaalika wageni wa shirika moja la afya kutoka Nairobi, waje waone zahanati zote tatu zikisoma kitabu kimoja.

Jumatatu ya wiki hiyo walifanya mazoezi. Jael, msichana wa mapokezi aliyeajiriwa mwaka huohuo, alikuwa akifungua mafaili moja moja na kuyalinganisha na karatasi. Saa nne asubuhi alikuja mlangoni kwa Kafedha, macho yamemtoka.

"Shikamoo, Mama Kafedha. Kuna mtoto wa miaka sita hapa, mtambo unasema ana sukari tangu miaka kumi na nne iliyopita. Tena anadungwa insulini."

"Marahaba. Jina?"

"Boga Mwarandu."

Kafedha hakuhitaji kuliona faili. Alimjua Mzee Boga Mwarandu mwenye sukari, akamjua mwanawe Mwarandu Boga, fundi wa mashua za uvuvi, na mjukuu, ambaye alipewa jina la babu yake kama ilivyo desturi ya kwao na ya kina Kafedha wenyewe. Boga wa Mwarandu, Mwarandu wa Boga, Boga wa Mwarandu tena. Mafaili ya zamani hayakuwa na mwaka wa kuzaliwa, na simu iliyoandikwa ilikuwa ya fundi yule kwa wote. Mtambo uliona jina moja, simu moja, mtaa mmoja, ukafanya watu wawili kuwa mtu mmoja.

Nyumba nyingi za Mtongwe zilikuwa hivyo.

"Umeisoma ile karatasi ukutani?" alimuuliza Jael.

"Nimeisoma."

"Basi andika."

Jael aliandika mistari minne, akatia jina lake. Bonface alipopata habari alikuja mbio. "Mathe, mama yangu, hiyo ni kesi moja. Hiyo naichomoa sasa hivi, tunasonga."

"Kaa hapa nami," alisema Kafedha. "Nipe orodha ya majina yote."

Walikaa mpaka alasiri. Yeye alisoma, Bonface akatia alama. Walipata jozi mia moja na kumi na nane za babu na mjukuu, na bibi na mjukuu, waliogeuzwa mtu mmoja. Mwishoni Bonface alisema polepole, "Hii hakuna programu ingeijua. Ni wewe tu."

Jumanne Daktari alifika mwenyewe. Hakuketi.

"Kafedha, wageni wanakuja Alhamisi. Nimewaahidi zahanati tatu. Tuwashe, kisha turekebishe majina wiki ijayo, inshallah."

"Na wiki hii Boga mdogo akiletwa na homa?"

Daktari akasema, kwa sauti ya mwenye mali, "Zahanati hizi ni zangu."

"Ni zako, Daktari. Na sahihi iliyo ukutani ni yako vilevile." Kafedha alizungumza bila kupandisha sauti. "Ukiuvunja uamuzi huu leo, nani atasema ngoja kesho? Watarudi kuwaambia waume zao."

Daktari alikwenda akasimama mbele ya birika la chai akiitazama karatasi, muda wa mtu kunywa kikombe kizima. Aliporudi uso ulikuwa umelegea. "Wageni wataona zahanati mbili," alisema. "Na hii ya tatu utawaeleza wewe."

Akawaeleza. Siku ya Alhamisi alisimama mbele ya watu sita waliovaa vizuri, akaanza na Mzee Boga na mjukuu wake, akamaliza na mstari wa mwisho wa ile karatasi. Mama mmoja mtu mzima, kiongozi wa msafara, aliuliza, "Na nani aliyesimamisha?"

Jael aliinua mkono kama yuko darasani. Yule mama alimtazama, akamtazama Daktari, kisha akaomba nakala ya karatasi aende nayo Nairobi. Daktari alijinyoosha, mabega yakapanda, akaanza kueleza kamati ilivyoundwa kana kwamba hajawahi kuwa na wazo jingine maishani. Kafedha alimwachia raha yake. Yake mwenyewe ilimtosha.

Bonface alitumia siku kumi na nane kuongeza jina la mama na mwaka wa kuzaliwa, na Kafedha akapita nyumba kwa nyumba kuulizia yale ambayo hata yeye hakuyajua. Kamati ikaiondoa ngoja ya Jael kwa kura saba. Mtongwe ikahama siku ya Jumatano, na saa tano asubuhi mtandao ulipokatika, mtu wa mapokezi alimpigia aliyeandikwa, ukarudi kabla foleni haijafika mlangoni.

Mwezi wa Septemba Kafedha aliiletea kamati pendekezo lake mwenyewe: mafaili ya karatasi yaendelee kuandikwa mwaka mmoja zaidi, kwa tahadhari. Alilieleza kwa ufasaha. Maryanne alipinga kwanza. Alisema kuandika mara mbili ndiko kulikowaponza mwaka jana, kwamba karatasi zifungwe na kutunzwa, zisiandikwe tena. Jael, ambaye sasa alikuwa mjumbe wa Mtongwe, alimtazama Kafedha, akapiga kura upande wa Maryanne. Wote wakapiga huko, isipokuwa mwenyekiti.

"Sita kwa moja," alisema Bonface. "Pole, mathe."

"Pole ya nini?" Kafedha alilivuta daftari la kumbukumbu, akaandika kwa herufi zake kubwa zilizonyooka kwamba pendekezo la mwenyekiti limekataliwa. Mwaka jana watu wa zahanati hizi walikuwa wakinong'ona vibarazani, wakinyamaza kwenye mikutano, na leo walikuwa wamemshinda ana kwa ana, kwa hoja, na hakuna aliyemwogopa. Fahari ilimjaa hata akalazimika kujifanya anaitafuta kalamu nyingine.

"Haya," alisema. "Jambo la pili."