Mtani Aliyelala Kwenye Sinia la Karanga

Usiku wa jana niliota nimeazimwa.

Sikuazima kitabu, kitabu ndicho kilichoniazima mimi. Kilinitoa kitandani, kikanigonga mhuri mgongoni, kikaniambia nitangulie. Nikatangulia. Ukiwa mkutubi miaka mingi unajua kwamba mhuri ukishagongwa hakuna mjadala.

Lakini ngoja kwanza niseme nililala vipi, maana nisije nikaonekana nimelewa. Naitwa Method Ngonyani, Mngoni, mkutubi wa maktaba yetu huku Kusini. Bosi wangu ni Bi Leokadia Kihwele, Mhehe. Wazee wetu walipigana mpaka wakachoka wenyewe, na kwa sababu hiyo sisi wajukuu ni watani. Yeye ananiita mateka wake mbele ya wageni. Mimi nawaambia wageni haohao kwamba babu yake alikimbia akaacha sufuria jikoni, tena ugali haujaiva. Hakuna kukasirika. Anayekasirika ameshindwa, na anatoa faini ya kuku.

Jana Bi Kihwele alisimama mbele ya rafu yangu ya waasi, mikono kiunoni. Hiyo ndiyo rafu ninayoipenda kuliko zote: maasi, mapinduzi, vita vya wenyewe kwa wenyewe, tangu watumwa waliovunja minyororo mpaka majenerali waliokata nchi moja vipande viwili kama mkate. Alisema tunahitaji nafasi ya meza za kompyuta. Vitabu vinene vibaki, vinapendeza kwenye picha. Vile vyembamba ambavyo haviazimwi apewe Ditrika, anayeuza karanga pale getini, akachane karatasi za kufungia. Akasema asubuhi atapiga simu kujua kama nimeshavitoa.

Nilichomoa kimoja katika vile vyembamba, nikakiweka kwapani, nikaenda nacho nyumbani. Jalada lake lilishatoka zamani, nimekivisha gazeti. Kinahusu uasi wa watu wa kilima kimoja, Lihangweni, ambao mtawala wao aliwaamuru kila akipiga chafya nchi nzima iitikie afya. Siku moja walikataa. Nilikuwa na hasira kiasi kwamba nilipitiwa na usingizi kabla sijafika katikati, kitabu kifuani, viatu chini ya kitanda.

Basi nikaazimwa.

Tunaingia maktaba na humo ndani kuna vita. Vitabu vya serikali vimeshika upande wa madirisha, vya waasi upande wa choo. Mizinga inafyatuliwa, lakini kwa kunong'ona, kwa sababu lile bango la KIMYA liko juu ya mlango na limekunja uso.

Mzinga mmoja unasema pu kwa sauti ya kawaida. Bango linakohoa. Mzinga unaomba radhi na kurudia taratibu zaidi.

Nauliza wanagombea nini. Askari aliyesimama karibu na kamusi ananiambia walikuwa wanajua, ila sababu za vita ziko sura ya kwanza na yeye alizaliwa sura ya tano. Halafu ananishika sikio la kushoto na kulikunja.

"La nini hilo?" namuuliza.

"Ili tujue tumeishia wapi na wewe," anasema.

Siwezi kulalamika. Mimi mwenyewe nimebandika ukutani tangazo la kuwakataza wasomaji wasikunje kurasa, lakini hakuna mahali nilipoandika kwamba kurasa zisikunje wasomaji.

Nageuka nikiulize kitabu kilichoniazima tunakwenda wapi, nakuta hatuko tena maktaba. Tuko getini, na geti limekuwa mahakama. Kwenye kiti cha hakimu ameketi Juzuu Nene. Namjua vizuri huyu, ananivunja mgongo kila nikimfuta vumbi. Anahusu vita vya wenyewe kwa wenyewe vya nchi kubwa, ana jalada gumu, utepe mwekundu wa kuwekea alama, na ramani mbili za kukunjua ambazo amezitandaza mapajani kama kanga.

Pembeni yake yupo Ditrika na sinia lake la karanga. Amekuwa mrefu hadi kichwa chake kinagusa nyaya za umeme, lakini tabasamu ni lilelile la kila siku.

Na kizimbani kimesimama kitabu changu chembamba, kilekile kilichoniazima, na gazeti lake la kujivika, kinatetemeka.

Juzuu Nene anasoma shitaka. Anasema mshitakiwa anajiita uasi na ameishi kwenye rafu ya uasi miaka yote hiyo, akila nafasi, wakati hana maiti hata mmoja.

"Mimi nina maiti kuanzia utangulizi," anasema Juzuu Nene. "Wewe uasi wako ulikwishaje?"

"Tulikwenda nyumbani kula," kinasema kitabu chembamba.

"Na mtawala?"

"Naye alikwenda kula. Kesho yake akapiga chafya, hakuna aliyeitikia, akanyamaza. Ikawa basi."

Mahakama inaguna. Juzuu Nene anafunga ramani zake na kutoa hukumu: mshitakiwa achanwe, ukurasa baada ya ukurasa, afungiwe karanga, azikwe matumboni mwa wapita njia. Ditrika analamba kidole gumba, kama anavyofanya siku zote, na kuchana ukurasa wa kwanza.

Niliumia. Nasema kweli, niliumia ndotoni kuliko nilivyowahi kuumia nikiwa macho. Kitabu kizima cha watu walioasi na wote wakarudi kwao wakiwa hai, na hilo ndilo kosa lake. Nilitaka kupiga kelele, lakini bango la KIMYA lilikuwa limetufuata mpaka pale getini na lilikuwa linanitazama mimi tu.

Ditrika anachana wa pili. Anausoma kwanza, anacheka kidogo puani, halafu anaukunja na kutia karanga.

Kitabu chembamba kinanigeukia na kuniambia kwa sauti ndogo kwamba kinajua siwezi kufanya lolote, ila kama sitajali, kingependa nijue kilichoko ukurasa wa hamsini, maana sijafika huko. Nakiambia kiseme. Kinasema majeshi ya Juzuu Nene yaliwahi kupita Lihangweni. Wanawake wa kilimani waligeuza vibao vya njia usiku mmoja, majeshi yakatembea wiki nzima na kurudi palepale yalipoanzia, na vita vya mwezi ule havikufanyika.

Namuuliza Juzuu Nene kama jambo hilo ni kweli. Anajibu kwamba kwenye kurasa zake mwezi ule imeandikwa tu kuwa jeshi lilicheleweshwa na hali mbaya ya hewa.

"Sisi ndio hali mbaya ya hewa," kinasema kitabu chembamba.

Hapo nikajua la kufanya. Mngoni yeyote angejua.

Naiambia mahakama kwamba kama hawa wawili walishawahi kukutana vitani, basi hawa ni watani. Na mimi niliyelala na huyu mdogo kifuani ni ndugu yake, kwa hiyo Juzuu Nene ni mtani wangu pia. Na kama leo kuna mazishi, basi mtani ana kazi yake msibani, na hakuna hakimu anayeweza kumzuia.

Ninavua shati, ninapanda kwenye sinia la Ditrika, ninalala chali juu ya karanga.

Hivi ndivyo tunavyofanya kwetu. Kaburi likishachimbwa mtani anaruka ndani, analala, anasema hatoki, hilo ni lake, marehemu atafute pengine. Wafiwa wanalia huku wanacheka, na maziko hayaendelei mpaka amalizane nao. Karanga zilikuwa za moto, chumvi ikaniingia kwenye lile sikio lililokunjwa. Sikujali.

"Toka hapo," anasema Juzuu Nene. "Haya ni mazishi."

Namwambia sitoki. Namwambia kwanza anieleze yeye ni jenerali wa aina gani, aliyepotezwa njia na akina mama waliotoka kuteka maji. Namwambia vita vyake ni virefu kwa sababu hakuna aliyekuwa na akili ya kwenda kula. Namwambia ule utepe mwekundu si wa kuwekea alama, ni kamba ya suruali, na suruali yenyewe aliiacha Lihangweni.

Sinia linazidi kupanuka. Sasa lina ukubwa wa uwanja wa mpira, na kutoka kwenye jalada la Juzuu Nene askari wanaanza kuchungulia. Wanatoka wa upande huu na wa upande ule, wamechoka, wana vumbi la sura kumi na mbili. Mmoja anacheka. Wa upande wa pili anamsikia, naye anacheka. Baada ya muda wamekaa wote pembezoni mwa sinia, wanakula karanga, wanaulizana suruali ya bosi wao ilikuwa ya rangi gani.

Bango la KIMYA linafunika mdomo wake. Mabega yanatikisika.

Na Juzuu Nene anakasirika.

Anakasirika mpaka gundi ya mgongoni inalia. Anasema yeye ni historia, hatanii na mtu, na ataniweka mimi mwenyewe kwenye sura ya kumi na tatu, nife ukurasa wa kwanza. Anamaliza kusema, halafu anaona watu wote wanamtazama.

Ditrika ndiye aliyelisema, huku anafuta mikono kwenye kanga.

"Amekasirika kwa utani," anasema. "Basi huyo ameshindwa."

Nilimwonea huruma, sikufichi. Alikaa pale na ramani zake, mzee mwenye kurasa zote hizo, hajui aangalie wapi. Kitabu chembamba kikatoka kizimbani, kikamwendea, kikakaa pembeni yake. Ditrika akakunjua zile kurasa mbili, akakung'uta chumvi, akazirudisha mahali pake.

Ikabaki faini. Juzuu Nene anasema hana kuku. Askari wake wanamwambia anaye, yuko sura ya tisa, yule waliyemwiba kwa bibi mmoja na kumla mvua ikinyesha. Wanamtoa. Ni kuku jike mwekundu, shingo haina manyoya.

Ananitazama kwa jicho moja na kuniambia kwamba kila kitabu kile kinapofunguliwa yeye huchinjwa upya, na kwamba amechoka. Anaomba tu mahali pa kulala penye giza.

Nikamwambia nina kiatu.

Anakagua kiatu changu cha kulia, anaingia, anajizungusha, anaketi. Askari wanaimba kwa kunong'ona. Juzuu Nene anacheka kidogo, kwa mara ya kwanza, kama mtu anayejaribu nguo ya kuazima. Halafu kuna mtu anapiga kengele ya kufunga maktaba, na kengele inalia, na inalia, na ni simu.

Nikaamka. Kumekucha, jua liko dirishani. Sikio la kushoto lilikuwa linauma, lakini hilo ni kwa sababu nililala nimelikunja kwenye mto, sitaki kuongeza chumvi. Kitabu chembamba kilikuwa palepale kifuani. Simu ilikuwa ya Bi Kihwele.

Aliniuliza kama mateka wake ameamka na kama vile vitabu vyembamba ameshampa Ditrika.

Nikamwambia hapana. Nikamwambia kile cha Lihangweni ni ndugu yangu, na siku atakayotaka kukichana atanikuta nimelala chali kwenye sinia la karanga pale getini, bila shati, watumishi wa wilaya wote wanapita. Na si hicho tu, ni vyote vilivyo karibu nacho, maana kwenye rafu ile wote ni ukoo mmoja.

Nikasikia anapumua. Nilijua kwamba akikasirika sina rafu, labda na kazi pia sina. Moyo ulikuwa unanidunda hadi kitabu kikawa kinapanda na kushuka.

Halafu akacheka. Alicheka mpaka akaweka simu chini akarudi. Akasema Wangoni ni watu wa ajabu, hata mateka wao wana masharti. Akasema haya, rafu ibaki, meza za kompyuta zitakaa upande wa choo, lakini mateka anayemgomea bibi yake hapiti bure, nimletee faini ofisini leo leo.

"Kuku," akasema. "Na awe jike."

Nilikuwa nimekaa ukingoni mwa kitanda, simu begani, nikitafuta viatu kwa miguu. Cha kushoto kikaingia. Cha kulia kikakataa, kulikuwa na kitu. Nikainama, nikaingiza mkono, nikakitoa. Mimi sifugi kuku, na jirani zangu pia hawafugi.

Nikamwambia Bi Kihwele kwamba kuku mwenyewe ameshaondoka, ila namletea yai. Bado lina joto.