Kabichi la Marehemu Efrazia

Siku ya gulio Lushoto mjini, mwaka 1997, Mwanahawa alikuwa akibandua majani ya nje ya makabichi yanayosubiri lori la Dar es Salaam. Kabichi moja likaongea kwa sauti ya Efrazia wa Rangwi, aliyezikwa wiki mbili nyuma. Mwanahawa akaliweka pembeni, akatuma salamu kwa binti wa marehemu, akaendelea na kazi. Mali ya mtu haipakiwi hivi hivi.

Tangu soko huria lituletee kampuni ya simu na mnara wake mlimani, maneno ya simu yalishuka na ukungu, yakalala kwenye makabichi. Watu walishazoea. Kilichowaudhi ni kwamba kampuni nayo ilibaki na nakala, ikiziuza.

Binti, Dokta Secilia, alifundisha sheria chuo kikuu, akichunguza namna mitambo inavyotunza siri za watu. Alipokuja kulichukua kabichi lake alifungua majani mawili tu. La kwanza lilikuwa na habari za maharage. La pili likasema, "Secilia, juzi nimepotea nikitoka kanisani. Njia ya miaka sitini! Nakwambia wewe tu."

Akalifumba. Sasa alijua kwa nini, mwezi ule wa simu hiyo, muuza dawa za kutibu usahaulifu alipiga hodi kwa mama yake, akimwita kwa jina. Ilimuuma sana.

Akaishtaki kampuni. Meneja alimkaribisha chai.

"Mama alikubali, dokta. Sikiliza mwenyewe."

Akabonyeza kaseti. "Shikamoo," ilisema mashine. "Maneno yako tutayatunza na kuyatumia."

"Marahaba, mwanangu," akaitikia Efrazia.

Hiyo ndiyo ilikuwa sahihi yake. Kila aliyepiga simu kwenye kibanda cha simu cha Zuberi alikuwa ametia sahihi vivyo hivyo, maana nani aliyelelewa milima hii ataacha shikamoo bila jibu? Hata vijana, waliopewa shikamoo wasiyostahili, waliitikia kwa aibu.

Secilia alijua Katiba inalinda mawasiliano ya mtu. Alijua pia kwamba sheria ya kuutekeleza ulinzi huo haijatungwa. Hakimu, mtu mpole, alimwambia kesi ina uzito, ila kielelezo, yaani kabichi lenyewe, lazima kifunguliwe mahakamani, jani kwa jani, watu wote wakisikia.

Secilia akaiondoa kesi. Kabla mwaka haujaisha kampuni ilisimamisha mnara wa pili, Mtae.

Jioni ya siku ile aliyoiondoa kesi, kule Rangwi, Secilia aliwasha kuni katika jiko la mama yake. Kanga ya mama bado ilining'inia msumarini, na Secilia akatamani kuitwa ndani hata kwa kugombezwa. Akalikata kabichi haraka, bila kusikiliza, akalitia nyanya na kitunguu. Lilipoiva, mvuke ukamuuliza kwa sauti ya mama:

"Umekula?"

"Ndiyo nakula, mama," akajibu, akaivuta sufuria karibu.